Bohdan Stupka, Mtetezi wa Waliohukumiwa

Wanafunzi wa fasihi wana desturi moja ambayo nimeshindana nayo kwa muda wa miaka kumi na mitano, na hata leo haijakubali kuanguka. Mpe mwanafunzi riwaya au tamthilia, na jambo la kwanza atakalolitenda ni kuwatenga wahusika mafungu mawili, kama mchuuzi atengavyo dagaa: hawa wema, hawa wabaya. Akiisha kuwatenga huona kazi imekwisha. Ukimwuliza kwa nini mtu fulani alitenda alivyotenda, hujibu kuwa alikuwa msaliti. Na ukimwuliza ni kitu gani kilichomfanya msaliti, hujibu kuwa alikuwa mtu mbaya. Hapo mazungumzo hufika ukingoni, maana ubaya umegeuzwa sababu na matokeo kwa wakati mmoja. Ebrahim Hussein alipotuandikia *Kinjeketile* mwaka 1969 alitupa mtu ambaye haingii katika fungu lo lote kati ya hayo mawili, na bado kila mwaka napata karatasi zinazomsukuma kwa nguvu aingie.

Katika kuitafutia dawa desturi hiyo, nimejikuta mara nyingi nikisimulia darasani habari za mtu asiyekuwa na nasaba yo yote na lugha yetu. Hakutunga riwaya wala tamthilia. Kazi yake ilikuwa kusema maneno yaliyotungwa na wengine. Alikuwa mwigizaji wa Ukraine, na jina lake Bohdan Stupka. Nimetazama sinema zake nyingi kwa miaka mingi, baadhi yake kwa lugha nizielewazo kidogo na baadhi kwa tafsiri iliyoandikwa chini ya picha, na kadiri nilivyozidi kutazama ndivyo nilivyozidi kusadiki kuwa mtu huyu aliishi aushi yake yote akifanya kazi moja tu: kusimama mahali pa mtu ambaye hadithi imekwisha kumhukumu, na kumsemea.

Alizaliwa tarehe 27 Agosti 1941 katika mji mdogo wa Kulykiv, kaskazini ya Lviv, upande wa magharibi wa Ukraine. Tarehe hiyo yafaa kuangaliwa vema. Nchi ile ilikuwa chini ya Poland hadi mwaka 1939. Mwaka huo ikachukuliwa na Umoja wa Kisovieti. Majira ya joto ya 1941 Wajerumani wakaiteka, na mwaka 1944 Wasovieti wakarudi. Hivyo mkazi wa Kulykiv aliyeketi kitako katika nyumba yake kwa miaka mitano, bila ya kuhama hata hatua moja, alitembelewa na dola tatu, na kila dola ilikuja na orodha yake ya wasaliti. Aliyekuwa raia mwema kwa orodha hii alikuwa adui kwa orodha ile. Watu wa aina hiyo ndio waliomlea Stupka. Baba yake alikuwa mwimbaji katika kundi la waitikiaji wa opera ya Lviv, na familia ilihamia katika mji huo baada ya vita. Kwa hiyo mtoto aliijua michezo ya jukwaani kwa kuitazama ubavuni, pale ambapo mfalme huonekana akivua taji na kufuta jasho.

Mafunzo yake aliyapata katika chuo kidogo kilichokuwa ndani ya ukumbi wa michezo wa Lviv wenye jina la Maria Zankovetska, akamaliza mwaka 1961. Mwalimu wake alikuwa Borys Tiahno, na Tiahno alikuwa mwanafunzi wa Les Kurbas. Hapa sina budi kusimama kidogo, kwa kuwa silsila hii ni ya maana. Kurbas ndiye aliyeuanzisha ukumbi wa Berezil mjini Kyiv mwaka 1922, na ndiye aliyeitoa michezo ya Kiukraine katika desturi ya nyimbo, ngoma na mavazi ya kijijini akaifikisha kwa Shakespeare na kwa watunzi wa Ulaya wa zama zake. Tukumbuke kuwa amri ya Mfalme wa Urusi ya mwaka 1876 ilikuwa imekataza hata kuigiza kwa Kiukraine, na ingawa ililegezwa baada ya miaka michache, lugha ile iliendelea kuhesabiwa kuwa ni ya wakulima na vichekesho. Kurbas alifundisha kwamba mwigizaji hapaswi kuyanakili maisha kama kioo, bali ayageuze, ayape sura mpya ambayo ndani yake mtazamaji atayaona kwa mara ya kwanza. Alikamatwa Desemba 1933, na tarehe 3 Novemba 1937 alipigwa risasi katika msitu wa Sandarmokh, Karelia. Kwa miaka mingi jina lake lilikuwa halitajwi ila kwa tahadhari. Kwa hiyo Stupka alijifunza ufundi wake kwa mtu ambaye naye alijifunza kwa mtu aliyehukumiwa. Sidai kuwa jambo hilo peke yake lilimfanya awe alivyokuwa. Walakini ni vigumu kulipuuza.

Kwa muda wa miaka kumi alikuwa mwigizaji wa Lviv tu, ajulikanaye Lviv. Ndipo ikaja sinema ya mwaka 1971 iitwayo *Ndege Mweupe Mwenye Alama Nyeusi*, iliyoongozwa na Yuri Illienko. Ni hadithi ya familia maskini ya wanamuziki katika milima ya Bukovina, tangu kabla ya vita vikuu vya pili hadi baada yake. Ndugu hugawanyika: Petro hujiunga na Jeshi Jekundu, na Orest huingia msituni pamoja na wapiganaji waliompinga Msovieti. Kwa serikali ya wakati ule, Orest alikuwa mhaini asiyekuwa na mjadala. Ivan Mykolaichuk, aliyeshiriki kuiandika hadithi hiyo, alitaka yeye mwenyewe amcheze Orest. Wakubwa walikataa. Mykolaichuk alikuwa kipenzi cha watu. Alikwisha kumwigiza mshairi Taras Shevchenko, na alikuwa uso wa sinema ya *Vivuli vya Wahenga Waliosahauliwa*. Waliogopa kuwa mhaini mwenye uso ule atapendwa. Mykolaichuk akapewa Petro, na Orest akapewa mtu asiyejulikana, mwenye uso mwembamba wa mifupa na macho yasiyotulia, ambaye hapana shaka walidhani ataonekana adui bila ya taabu.

Hesabu yao haikutimia. Nimeitazama sinema ile mara nyingi pamoja na wanafunzi, na kila mara mambo huwa yale yale. Petro ni mwema, na watazamaji humheshimu. Orest ni mkatili, mwenye wivu, mwenye kiburi, na watazamaji hawawezi kumwondolea macho. Stupka hakumfanya Orest awe mtu mwema. Laiti angalifanya hivyo, wakaguzi wangaliitambua hila hiyo mara moja, nasi tungalipata malaika mwingine wa karatasi. Alichokifanya ni kumpa kila tendo lake chanzo. Orest akipenda, twaona apendavyo. Akinyimwa, twaona mahali palipochanika. Akiua, twajua mkono ule umetoka wapi. Mwaka ule ule sinema hiyo ikapata mojawapo ya tuzo za dhahabu katika tamasha la Moscow, yaani katika mji mkuu wa dola iliyomhukumu Orest. Mwigizaji wa mkoani akawa mwigizaji wa nchi nzima kwa kumcheza adui wa nchi.

Tangu hapo njia yake ikawa kama imechorwa. Huko Lviv alimcheza Richard wa Tatu wa Shakespeare chini ya mwongozaji Serhiy Danchenko, na mwaka 1978 Danchenko alipohamia Kyiv kuuongoza ukumbi wa taifa wenye jina la Ivan Franko, Stupka alimfuata. Mwaka 1979 wakaonyesha *Furaha Iliyoibwa*, tamthilia ya Franko mwenyewe, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza Lviv mwaka 1893. Kisa chake chaweza kusimuliwa kwa maneno machache. Anna anampenda Mykhailo; kaka zake, kwa tamaa ya urithi wake, wanamwambia kuwa Mykhailo amekufa jeshini, na kumwoza kwa Mykola Zadorozhny, mtumishi maskini. Mykhailo anarudi akiwa askari mwenye madaraka, anamtia Mykola kifungoni, anamchukua Anna mbele ya macho ya kijiji kizima. Mwisho Mykola anachukua shoka.

Zadorozhny ni mtihani mgumu kwa mwigizaji wa Ukraine. Amvrosy Buchma alikuwa amemcheza katika ukumbi ule ule mwaka 1940, na wazee waliokuwa wamemwona Buchma walikuwa bado hai, wakiketi safu za mbele wakiwa na mizani mikononi. Tena mhusika mwenyewe ana hatari mbili. Ukimcheza kuwa mume aliyedanganywa, watu watacheka, kwa kuwa dunia nzima humcheka mume aliyedanganywa. Ukimcheza kuwa mnyonge aliyeonewa, watu watalia, na kilio hicho kitafuta kosa lake. Maana yeye pia anashika furaha isiyo yake, ingawa hakuiiba kwa mkono wake. Sifa aliyoipata Stupka ilitokana na kupita katikati ya hatari hizo. Mtu anayependa pasipo kupendwa, anajua hivyo, na anaendelea kukata kuni kila asubuhi: huyo si mchekeshaji wala si shahidi. Ni mtu wa jirani.

Sasa nieleze jinsi nilivyokutana naye, maana si kwa tamthilia za Kyiv. Nilipokuwa katika masomo yangu ya udaktari nilikaa Warsaw kwa miezi kadhaa, ambako chuo kikuu hufundisha Kiswahili tangu zamani. Bibi mwenye nyumba nilimopanga alikuwa mtu wa makamo ya juu, mwenye adabu nyingi na maneno machache, na siku za Jumapili alinikaribisha kutazama televisheni pamoja naye. Jumapili moja ilionyeshwa sinema ya Jerzy Hoffman, *Kwa Moto na Upanga*, ya mwaka 1999, iliyotokana na riwaya ya Henryk Sienkiewicz ya mwaka 1884. Wapoland wameisoma riwaya ile kwa vizazi. Inahusu maasi ya Wakozaki ya mwaka 1648 yaliyoongozwa na Bohdan Khmelnytsky, na kwa Mpoland aliyesoma riwaya hiyo utotoni, Khmelnytsky ni moto uliounguza nyumba ya babu zake. Hoffman alimtafuta Mwukraine wa kumcheza, akampata Stupka. Sinema hiyo iliuza tiketi zaidi ya milioni 7 katika Poland.

Khmelnytsky wa Stupka ni mlevi, mjanja, mwenye hasira, tena mwenye huzuni nzito. Alikuwa amenyang'anywa shamba lake la Subotiv na mkubwa mmoja wa Kipoland, akaenda kushitaki, na hakupata haki. Hayo yamo katika historia, na Stupka aliyabeba katika mabega yake kila alipoingia katika picha, hata pale ambapo hakuyasema. Bibi mwenye nyumba alitazama kimya. Sinema ilipokwisha aliniambia kuwa upande wa mama yake walikuwa watu wa Volhynia, mahali ambapo mwaka 1943 maelfu ya Wapoland waliuawa na wapiganaji wa Kiukraine. Hakuongeza neno kwa muda. Kisha akasema kuwa mtu yule, yaani mwigizaji, alimfanya aone haya kwa kumwelewa. Nimeyatafakari maneno hayo miaka mingi. Hakusema kuwa alimsamehe Khmelnytsky, wala sidhani kuwa alimsamehe. Alisema kuwa alimwelewa, na kwamba kumwelewa kulimgharimu kitu.

Miaka michache baadaye nilipata kuiona *Watu Wetu*, sinema ya Kirusi ya mwaka 2004 iliyoongozwa na Dmitry Meskhiev. Ni mwaka 1941. Watu watatu waliotoroka kutoka katika mikono ya Wajerumani wanakimbilia kijiji cha mmoja wao. Baba wa kijana huyo, anayechezwa na Stupka, amefanywa na Wajerumani kuwa mkuu wa kijiji. Kuwaficha ni kuwahatarisha binti zake. Kuwatoa ni kumwua mwanawe. Mzee huyo alikwisha kuteswa na Wasovieti kabla ya vita, hana sababu ya kuwapenda, wala hana sababu ya kuwapenda mabwana wapya. Anatembea uani mwake kama mtu abebaye chungu kilichojaa hadi ukingoni. Kwa kazi hiyo Stupka alipewa tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la Moscow mwaka huo wa 2004.

Niliitazama peke yangu, na sikuweza kuimaliza kwa mkao mmoja. Babu yangu mzaa mama alikuwa jumbe katika milima ya Uluguru zama za Waingereza. Msomaji wa historia yetu anazijua habari za matuta: serikali iliamuru wakulima wachimbe matuta ya kuzuia udongo usichukuliwe na mvua, watu wakaichukia kazi hiyo, na mwezi Julai 1955 wakainuka. Jumbe ndiye aliyetumwa kuwahimiza wachimbe, na kuwaandika wasiochimba. Uhuru ulipokuja, na mamlaka ya machifu na majumbe yalipofutwa mwaka 1963, babu alirudi kulima kama watu wengine. Hakupigwa, hakufukuzwa. Aliachwa tu nje ya mazungumzo. Nilikua nikijua kuwa katika simulizi za nyumbani palikuwa na mahali ambapo wazee hunyamaza ghafula, na mahali pale palikuwa na umbo la babu. Bibi peke yake ndiye aliyeniambia, nilipokuwa mtu mzima, kuwa usiku babu alikuwa akikaa na daftari lile mbele ya kibatari, akichagua majina. Na kwamba aliyoyaandika yalikuwa ya watu wenye vijana wakubwa nyumbani, walioweza kuwasaidia kuchimba. Aliyoyaacha yalikuwa ya wajane.

Sitaki kulinganisha matuta ya Uluguru na vita vya Wajerumani. Uzito wake si mmoja. Lakini mzee wa Stupka alipokaa mezani usiku, akihesabu nani ataokoka ikiwa atasema na nani ataokoka ikiwa atanyamaza, nilimwona babu na daftari lake, mtu ambaye sikupata kumwona kwa macho. Vitabu nilivyovisoma juu ya utawala wa Waingereza, navyo ni vingi, vilikuwa vimenipa neno "kibaraka". Havikunipa kibatari.

Hapo yawezekana msomaji ataniuliza swali ambalo hata wanafunzi huniuliza: Je, mwigizaji anayeweza kumtetea kila mtu, yeye mwenyewe yu upande gani? Swali hili si la mzaha, na kwa habari za Stupka lina makali ya pekee. Mwaka 2001 Illienko, yule yule wa *Ndege Mweupe*, alimpa kumcheza Ivan Mazepa, kiongozi wa Wakozaki aliyemwacha Tsar Petro mwaka 1708 akaungana na Wasweden, akashindwa pamoja nao Poltava mwaka 1709. Kanisa la Urusi lilimlaani hadharani. Sinema hiyo iliudhi Moscow hata waziri wa utamaduni wa Urusi akaipinga isionyeshwe huko. Baada ya miaka minane Stupka huyo huyo akaonekana katika *Taras Bulba* ya Vladimir Bortko, mwaka 2009, ulipotimia mwaka wa 200 tangu kuzaliwa Gogol. Sinema hii inaanza na Bulba akiwahutubia Wakozaki juu ya undugu wa Warusi na roho ya Kirusi. Gogol aliiandika hadithi yake mara mbili, mwaka 1835 na mwaka 1842, na ni katika maandiko ya pili ndipo alipoyazidisha mambo ya Urusi. Bortko akayachukua hayo na kuyaweka mlangoni. Katika Ukraine watu wengi walikasirika. Mkuu wa ukumbi wa taifa, aliyewahi kuwa waziri wa utamaduni wa Ukraine tangu 1999 hadi 2001, alikuwa amemkopesha Tsar sauti yake.

Watetezi wake husema kuwa mwigizaji ni mwigizaji, na jukumu ni la mwongozaji. Jibu hilo halinitoshi, kwa kuwa mtu akiisha kusifiwa kwa kile alichokiongeza juu ya maneno ya mtunzi, hawezi kujificha nyuma ya mtunzi siku ya lawama. Mimi namlaumu Bulba wake kwa sababu nyingine. Nauona kuwa ni mchezo dhaifu. Ni mkubwa, ndiyo. Sauti ipo, masharubu yapo, mti na moto wa mwisho upo. Lakini sinema ile imekwisha kumtakasa Bulba tangu dakika ya kwanza. Anamwua mwanawe Andriy, na sinema inamtaka mtazamaji akubali. Hakuna mashitaka, na pasipo mashitaka Stupka hakuwa na kazi. Mtetezi akipewa mteja ambaye hakimu amekwisha kumwachia huru, hubaki akipaza sauti tu. Mazepa, ingawa sinema yake ni ya fujo na yenye kuchosha, alikuwa na laana ya miaka mia tatu mabegani, na kwa hiyo anaishi. Hata Trofim Lysenko, ambaye Stupka alimcheza mwaka 1990 katika filamu za mfululizo juu ya maisha ya Nikolai Vavilov, anaishi. Vavilov ndiye mtaalamu wa mimea aliyefika hadi Uhabeshi mwaka 1927 kukusanya mbegu za ngano, akafa kifungoni Saratov mwaka 1943. Lysenko ndiye aliyepanda juu kwa kumkanyaga. Ni vigumu kumpata mtu anayestahili kutetewa kidogo kuliko huyo. Stupka akamwonyesha mtoto wa mkulima aliyekuwa na njaa ya kuheshimiwa na wasomi, na njaa hiyo inamtisha mtazamaji, hasa akiwa ni msomi.

Nimekiacha kwa makusudi kile nikionacho kuwa ni kilele cha kazi yake. Mwaka 1989, dola ya Kisovieti ikiwa imeanza kupasuka, Danchenko na Stupka walimleta jukwaani Kyiv Tevye, muuza maziwa wa Sholem Aleichem, katika mchezo ulioitwa *Tevye-Tevel*. Tevye ni Myahudi maskini wa kijijini, mwenye farasi mmoja aliyechoka na binti wengi, azungumzaye na Mungu kama mtu azungumzavyo na tajiri wake. Binti mmoja anaolewa na fundi cherehani asiye na kitu; mwingine anamfuata mwanamapinduzi hadi Siberia; wa tatu, Khava, anaolewa na Mkristo wa Kiukraine, na baba anamwombolezea kama aliyekufa. Mwisho wake Wayahudi wote wanaamriwa kuhama kijiji.

Mtu afikiri waliokuwa wamekaa katika ukumbi ule. Kilometa chache kutoka hapo ni bonde la Babyn Yar, ambamo tarehe 29 na 30 Septemba 1941, Stupka akiwa mtoto wa mwezi mmoja, Wajerumani waliwaua Wayahudi 33,771, kwa hesabu waliyoiandika wao wenyewe. Mnara wa ukumbusho uliojengwa hapo mwaka 1976 ulitaja raia wa Kisovieti, haukutaja Wayahudi. Kinara cha matawi saba, alama ya Kiyahudi, kilisimamishwa mwaka 1991 tu. Kabla ya kinara hicho palikuwa na Tevye, akisema Kiukraine, lugha ya jirani zake waliomtazama akifungasha vyombo. Watazamaji wengi walikuwa wana na wajukuu wa majirani hao. Mchezo haukuwashutumu. Uliwaonyesha tu mtu wanayemjua, akiondoka.

Na yule aliyemcheza Tevye ndiye aliyekuja kumcheza Khmelnytsky baada ya miaka kumi. Katika maasi ya Khmelnytsky Wayahudi waliuawa kwa wingi mno, na katika kumbukumbu za Kiyahudi jina lake ni miongoni mwa majina ya maangamizi. Sholem Aleichem alizaliwa mwaka 1859 mjini Pereiaslav, mji ule ule ambamo Khmelnytsky alifanya mapatano yake na Moscow mwaka 1654. Wanadamu hao wawili, mmoja wa historia na mmoja wa hadithi, walitembea katika ardhi moja, na wote wawili walikaa katika mwili wa Stupka kwa miaka ile ile: leo analia kwa ajili ya waliofukuzwa, kesho anawapandisha farasi wafukuzaji. Nilipokuwa kijana jambo hilo lingeniudhi. Leo nadhani kuwa hakuwa na njia nyingine ya kuwa Mwukraine kwa ukamilifu. Wote wawili walikuwa wa kwao.

Mapambo ya jukwaa la *Tevye-Tevel* yalibuniwa na Danylo Lider, mtu wa asili ya Kijerumani aliyezaliwa Urusi, naye akautandaza juu ya Tevye ule mkanda mweupe wa nyota tuuonao usiku wa kiza, ambao watu wa Ulaya huulinganisha na maziwa yaliyomwagika. Stupka alipewa Tuzo ya Shevchenko mwaka 1993 kwa Tevye. Danchenko alipofariki mwaka 2001 yeye akaushika uongozi wa ukumbi, akaendelea kuucheza mchezo ule mwaka hata mwaka, nywele zikizidi kuwa nyeupe hata hazikuhitaji tena unga. Mwanawe Ostap alikuwa mwigizaji katika ukumbi ule ule, na mjukuu wake Dmytro naye akaingia katika kazi hiyo. Bohdan Stupka akafa Kyiv tarehe 22 Julai 2012, akazikwa katika makaburi ya Baikove. Hakuiona vita ya mwaka 2014, wala uvamizi wa mwaka 2022 uliozigeuza hotuba za Bulba kuwa kitu ambacho hapana Mwukraine awezaye kukisikiliza kwa utulivu.

*Tevye-Tevel* ilirekodiwa, na rekodi yake hupatikana. Picha si safi, na anayetazama asijue Kiukraine atakosa mizaha mingi. Mwaka jana niliionyesha kwa wanafunzi wa mwaka wa tatu bila ya tafsiri, nikiwaeleza kisa tu kwa dakika kumi. Khava alipotokea njiani kumwomba baba yake neno moja, na baba akapita, msichana mmoja wa safu ya nyuma aliuliza kwa sauti, kwa Kiswahili, mzee huyo anakwenda wapi. Hakuna aliyemjibu. Tuliendelea kutazama.